Muhogo Mchungu: Sinema, Mhuni na Mji Wetu

Mtu akitapeliwa hapa Dar es Salaam watu hawasemi katapeliwa. Wanasema kaingizwa mjini. Ukinunua kipande cha mti kilichofungwa kwenye boksi la redio, umeingizwa mjini. Ukilipa kodi ya chumba Tandika kwa mtu ambaye si mwenye nyumba, umeingizwa mjini, tena umeingizwa hasa. Ndugu msomaji, hebu tuitazame kauli hiyo kwa makini, maana tumeizoea mno hata hatuisikii. Inasema kwamba kuingia mjini na kuibiwa ni tendo moja. Mji una mlango, na pale mlangoni pana mtu anakusubiri akupokee mzigo.

Hadithi ya mshamba anayekuja mjini akazurura, akadanganywa na wajanja, akabaki mikono mitupu, kila mtu anaijua. Tumeisikia kwenye michezo ya redio, tumeiona kwenye maigizo ya shule, tumeisoma katika riwaya. Tumeishika kana kwamba ni ngano ya mababu, kumbe ina historia, na sehemu ya historia hiyo ilipigwa picha. Ninataka kuandika juu ya sinema iitwayo Muhogo Mchungu, iliyotengenezwa hapa Tanganyika mwanzoni mwa miaka ya 1950, na juu ya mtu ambaye sinema kama hizo zilimfuatafuata mitaani: mhuni.

Jaribio la Vugiri

Kabla ya Dar es Salaam tupande kwanza milimani. Huko Vugiri, katika milima ya Usambara, mwaka 1935 ulianza mradi uliojiita wazi kuwa ni jaribio la sinema za kuwaelimisha Wabantu. Fedha zilitoka shirika la Carnegie la Marekani, wadhamini walikuwa baraza la kimataifa la wamisionari, na wasimamizi wake walikuwa Meja L. A. Notcutt na G. C. Latham. Mpaka jaribio lilipofungwa mwaka 1937 walikuwa wametengeneza sinema 35, nyingi zikiwa fupi. Walizitembeza kwa lori Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini, wakatundika shuka nyeupe mahali penye uwanja, watu wakakaa chini kutazama.

Picha zenyewe hazikuwa na sauti. Maelezo yaliwekwa kwenye sahani za santuri zilizopigwa sambamba na picha, kila nchi na lugha yake. Kwa hiyo mtu uliyemwona kwenye shuka hakuwa anajisemea. Alikuwapo mwingine anayemsemea, akieleza huyu ni nani, anakosea nini, na afanyeje.

Mojawapo ya sinema hizo ilihusu benki ya akiba ya posta. Mtu mmoja anazika pesa zake kwenye shimo, mwizi anamwona, pesa zinakwenda. Mwenzake anaweka posta, naye anastarehe. Nyingine iliitwa Gumu, kuhusu kijana anayevutwa na mji na kuharibikiwa. Basi miaka karibu ishirini na mitano kabla ya Uhuru mbegu ilikwisha pandwa. Kijana wa shamba, pesa, mwizi, mji: vitu vinne hivi vikikutana mwisho wake unajulikana.

Waliotengeneza sinema hizo waliamini pia kwamba Mwafrika ana macho ya kipekee. William Sellers, aliyeanzia Nigeria na baadaye akaongoza kitengo cha sinema cha makoloni kilichoundwa London mwaka 1939, alifundisha kwamba kwa Mwafrika picha iende polepole, isirukeruke, isiwe na mambo mengi kwa wakati mmoja, la sivyo mtazamaji atapotea. Ajabu ni kwamba huku Dar es Salaam vijana walikuwa wakiingia kwenye majumba ya sinema ya Wahindi kuangalia wacheza bunduki wa Kimarekani wakikimbizana juu ya farasi, picha ikiruka kila sekunde chache. Hakuna aliyepotea. Walitoka nje wakigombania nani awe stelingi.

Mji baada ya vita

Vita Kuu ya Pili ilikwisha mwaka 1945. Makumi ya maelfu ya vijana wa Tanganyika walikuwa wamechukuliwa jeshini, wengine wakafika mpaka Burma. Wengine walipelekwa kwa lazima kwenye mashamba ya mkonge. Walirudi wameona dunia. Aliyelala handakini na Mwingereza akamwona naye analia kwa hofu hawezi tena kurudi kijijini akamwamkia jumbe kama zamani. Wengi hawakurudi vijijini kabisa. Walishuka Dar es Salaam.

Hesabu ya watu ya mwaka 1948 iliukuta mji una watu karibu 69,000. Ile ya mwaka 1957 ikakuta zaidi ya 128,000. Yaani katika miaka tisa mji ulikaribia kujizaa mara mbili. Mwaka 1947 makuli wa bandarini waligoma na mgomo ukaenea mji mzima. Mwaka 1949 serikali ikaletewa ramani kuu ya mji na kampuni ya wahandisi ya Sir Alexander Gibb. Mpango ule haukuondoa ubaguzi wa zamani wa maeneo: Uzunguni kubaki kwa nafasi na miti yake, Uhindini kubaki na maghorofa na maduka yake, nasi kusogezwa mbele. Hapo ndipo tunapoingia sisi watu wa pembezoni. Ilala, Magomeni, Temeke na Kinondoni vilipimwa viwanja, zikajengwa nyumba za kota zilizofanana kama matofali ya tanuru moja. Kati yake na nje yake watu wakajijengea wenyewe kwa miti, udongo na makuti, chumba kimoja kimoja.

Sasa fikiri serikali ya kikoloni ikitazama mji huo. Kwa mawazo yake Mwafrika ni mtu wa kijiji, ana kabila, ana chifu. Akija mjini anakuja kufanya kazi, na kazi ikiisha arudi. Lakini hapa kuna maelfu ya watu wasio na kazi ya kudumu, wasio na chifu, wanaolala kwa ndugu zao Kariakoo, wanauza karanga asubuhi, wanabeba mizigo mchana, jioni hujui wako wapi. Hawaandikiki. Serikali ikatafuta neno la kuwaitia, na haikuenda mbali. Ikaliokota kwetu wenyewe: wahuni.

Neno lenyewe

Neno mhuni linastahili kutazamwa, kwa kuwa historia yote hii imo ndani yake. Wazee wa pwani hata leo utawasikia wakimwita mhuni mtu ambaye hajaoa au hajaolewa, bila tusi lolote. Kamusi za zamani nazo zinamtaja kuwa mtu asiye na makao, anayetangatanga. Maana yake ni mtu ambaye hajafungwa mahali. Hana mke wa kumngoja wala nyumba ya kumdai. Huyo si mwizi. Anaweza kuwa baharia, msafiri, au kijana tu ambaye siku yake haijafika.

Lakini serikali ilipolichukua neno ililifunga pingu. Mwaka 1944 ilitungwa sheria ya kuwaondoa mijini wenyeji wasiotakiwa. Asiye na kazi inayojulikana aliweza kukamatwa na kurudishwa kwao. Polisi walifanya misako ya alfajiri, kila mtu aonyeshe stakabadhi ya kodi na aseme anafanya kazi wapi. Usipokuwa na jibu, wewe ni mhuni. Hukuiba, hukupiga mtu. Kosa lako ni kuwapo mjini. Nadhani hapa ndipo maana mbili zilipogongana mpaka zikashikana: asiye na makao akawa mhalifu kabla hajafanya lolote. Leo hii mama akimwambia mwanawe asicheze na wahuni, hana habari kwamba anatumia neno lililopita mikononi mwa bwana shauri.

Si Dar es Salaam peke yake. Kinshasa, ambayo wakati huo ikiitwa Léopoldville, vijana wa mitaa ya pembezoni walijiita Bills, jina walilolitoa kwenye sinema za Buffalo Bill, wakavaa kama wacheza bunduki na kuunda lugha yao. Johannesburg vijana wa vitongojini walivaa kama majambazi wa Chicago. Watawala wakapiga kelele kwamba sinema zinaharibu watoto. Ndipo kukazuka fikra: kama sinema inaharibu, si itaweza pia kutengeneza?

Muhogo Mchungu

Basi mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya Tanganyika ikafanya jaribio la pili. Safari hii hazikuwa sinema za kufundisha kuchimba choo peke yake. Zilikuwa sinema za kuburudisha, zenye waigizaji Waafrika wanaozungumza Kiswahili. Kazi ya kuzitengeneza alipewa mwenye ujuzi, kampuni ya Afrika Kusini iitwayo African Film Productions. Zikatoka Muhogo Mchungu, Chalo Amerudi, Meli Inakwenda na nyinginezo. Angalia hata majina yenyewe: mmoja amerudi, meli inakwenda. Kila kitu kinatembea. Ni sinema za watu wasiotulia mahali.

Muhogo Mchungu ni habari ya mtu wa shamba anayekuja Dar es Salaam na pesa zake, na wajanja wa mji wanamsubiri. Hadithi si ngeni. Afrika Kusini kwenyewe, mwaka 1949, ilikwisha toka sinema ya Jim anayekuja Jo'burg, ambaye hata hajazoea mataa anaporwa na vibaka, ingawa yeye baadaye mji unampa bahati akawa mwimbaji. Huyu wetu ni ndugu yake Jim wa pwani.

Lakini jina! Aliyelichagua alijua Kiswahili na alijua chakula. Muhogo mchungu una sumu. Huwezi kuung'oa ukauchemsha na kula kama ule mtamu, utakudhuru. Lazima uumenye, uuanike ukauke uwe makopa, au uuvundike uwe kivunde, ndipo uutwange upate unga wa bada. Hata hivyo wakulima wanaupenda, kwa sababu nguruwe na nyani hawaushambulii ovyo na ardhi mbovu inauzaa. Basi nani katika sinema ile ni muhogo mchungu? Ni mji, ambao mshamba anauuma bila kuuanika? Au ni yule mshamba, ambaye mji unamtafuna leo na kesho unatapika? Mimi naona jina linakaa pande zote mbili, na hapo ndipo sinema inapowashinda waliolipia. Serikali ilitaka onyo. Kiswahili kikaleta kitendawili.

Jambo la pili lililowashinda ni mtaa. Ukitaka kuonyesha mtu anapotea mjini lazima uuonyeshe mji. Lazima kamera itoke nje, ione watu kama walivyo, mavazi yao, vichochoro, biashara za mezani, wanawake wanaokatiza na makanga. Funzo ni la serikali lakini mtaa ni wetu. Mzee mmoja jirani yetu hapa Temeke aliyekuwa kijana siku zile aliniambia kitu ambacho hakimo kwenye kitabu chochote nilichosoma. Alisema sinema zile zilipoonyeshwa uwanjani watu hawakuwa wakimfuata sana yule mshamba. "Tulikuwa tunawaangalia wajanja, mjukuu wangu. Wale ndio tuliokuwa tunawajua. Mtu anapiga kelele, eh, yule si fulani wa Gerezani!" Alicheka mpaka akakohoa. Nikamuuliza, funzo je? Akasema, "Funzo lilikuwa kwa mshamba. Sisi tulikuwa watu wa mjini."

Kamera isiyo na funzo

Nalinganisha na mji mwingine wa baada ya vita. Mwaka 1947 Mwitaliano Roberto Rossellini alipeleka kamera Berlin, mji ambao miaka thelathini hivi kabla yake maofisa wake ndio waliotutawala kutoka hapa hapa Dar es Salaam. Akakuta mji umegeuka kifusi. Sinema yake, Germania anno zero, iliyotoka mwaka 1948, inamfuata mtoto wa miaka kumi na miwili anayezunguka mitaani kutafuta chochote cha kuuza, kati ya walanguzi na watu wazima waliokwisha poteza dira. Anauza, anaibiwa, anatangatanga, na mwisho anajitupa kutoka kwenye jengo bovu. Hakuna sauti inayokuambia alikosea wapi na angeweka akiba posta ingekuwaje. Unabaki na mtoto na kifusi, ujijibu mwenyewe.

Je, tofauti iko wapi? Wajerumani walikuwa wameuvuruga ulimwengu, lakini mtoto wao mzururaji alipewa heshima ya kutazamwa kimya. Wetu, ambaye kosa lake ni kutafuta kibarua, alitazamwa na kidole kimemnyooshea.

Miaka michache baadaye, mwaka 1958, Mfaransa Jean Rouch alitoa sinema ya majaribio aliyoipiga Treichville, kitongoji cha Abidjan ambacho mtu wa Temeke akikiona hahitaji kutafsiriwa. Moi, un noir inawafuata vijana kutoka Niger waliokuja kubangaiza: kupakia magunia, kungoja vibarua, kunywa jioni. Picha hazikuwa na sauti, kama zile za Vugiri. Lakini Rouch alifanya kinyume. Aliwaita vijana wenyewe wazitazame picha zao kisha waseme juu yake wanavyotaka. Mmoja aliyejiita Edward G. Robinson, jina la nyota wa Marekani, ni Oumarou Ganda, aliyekuwa amepigana vita vya Ufaransa kule Indochina. Baadaye Ganda alishika kamera mwenyewe na mwaka 1969 akatoa Cabascabo, habari ya askari anayerudi nyumbani na kutapanya pesa zake zote. Mzururaji akawa mwandishi wa uzururaji wake.

Mwigizaji na dola

Na sisi mwigizaji wetu akawa nini? Hapa historia inakuwa tamu na chungu pamoja. Nyota wa Muhogo Mchungu alikuwa kijana wa idara ya serikali ya maendeleo ya jamii, aliyesoma Tabora, anaitwa Rashidi Mfaume Kawawa. Wengi wetu tunamjua kama Simba wa Vita. Wachache wanajua kwamba kabla ya majukwaa ya siasa alisimama mbele ya kamera. Aliongoza chama cha watumishi Waafrika wa serikali, mwaka 1955 akawa Katibu Mkuu wa kwanza wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, TFL, na mwaka 1962 akawa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Baadaye akawa Makamu wa Pili wa Rais, kisha Waziri Mkuu tena kuanzia mwaka 1972 hadi 1977. Alifariki tarehe 31 Desemba 2009.

Katika miaka hiyo ya uwaziri mkuu wake ndipo hadithi ya mzururaji ilipofunguliwa upya, safari hii si kwenye shuka nyeupe. Mwezi Novemba 1973 ilitangazwa kuwa kuishi katika vijiji ni amri. Mwaka 1976 Dar es Salaam ikapata kampeni ya Kila Mtu Afanye Kazi. Vijana wasio na kazi ya kuonyesha walikamatwa mitaani na kupelekwa vijijini. Mwaka 1983 ikaja Sheria ya Nguvu Kazi, Waziri Mkuu akiwa Edward Sokoine, na misako ikarudi. Onyesha kitambulisho, unafanya kazi wapi. Mtu wa miaka hamsini, aliyewahi kuulizwa hivyo na askari wa mkoloni akiwa kijana, aliulizwa maneno yale yale na askari wa serikali yake.

Simlaumu Mzee Kawawa, na ninaomba nisieleweke vibaya. Alikuwa mtu mnyoofu, na viongozi wetu walikuwa na sababu ambazo mkoloni hakuwa nazo. Mkoloni alimtaka mzururaji aondoke ili mji ubaki wa wengine. Serikali ya Ujamaa ilimtaka akalime kwa sababu taifa zima lilikuwa na njaa na kila mkono ulihesabika, na chini ya Azimio la Arusha mtu anayeishi bila jasho alikuwa mnyonyaji awe tajiri au maskini. Hoja hiyo ina uzito. Mtu mzima, mwenye nguvu, anashinda kijiweni, na huku mama yake mzee analima kwa jembe la mkono: haipendezi. Hata hivyo, swali langu halikimbii. Mbona picha ya mhuni haikubadilika hata kidogo? Bendera ilibadilika, wimbo ulibadilika, sababu zilibadilika. Mhuni akabaki yule yule wa 1944. Nadhani ni kwa kuwa tuliirithi hadithi pamoja na sheria, na hadithi ni ngumu zaidi kuifuta. Hata Kampuni ya Filamu Tanzania, iliyoundwa mwaka 1968, ilipotengeneza Fimbo ya Mnyonge katikati ya miaka ya 1970, ilitupa kijana anayekuja Dar es Salaam kutafuta kazi, mji unamtesa, na wokovu unapatikana katika kijiji cha ujamaa. Gumu wa Vugiri alikuwa amefufuka, amevaa shati la chama.

Ng'ambo ya Kigamboni, eneo lililokuwa Temeke zamani, kuna kijiji kiitwacho Gezaulole. Kilikuwa miongoni mwa vijiji vya ujamaa vilivyoanzishwa mwanzoni mwa miaka ya 1970 pembezoni mwa jiji, na baadhi ya waliopelekwa kukaa huko walikuwa watu wa mjini wasio na kazi. Jina lake ni la Kizaramo: jaribu uone. Wako waliojaribu wakaona, wakabaki na wajukuu zao wako huko mpaka leo. Wako pia waliojaribu, wakaona, wakavuka maji kurudi Temeke kabla muhogo haujakomaa.

Waliobaki

Hesabu ya watu ya mwaka 1967 iliukuta mji una zaidi ya watu 272,000. Ya mwaka 1978 ikakuta zaidi ya 800,000. Misako yote, malori yote, sinema zote zilizomwambia mtu rudi kwenu, hazikuweza. Na hao waliobaki ndio waliojenga Mtoni, Tandika, Manzese, Mwananyamala. Ndio waliokaanga mihogo (mitamu hiyo) na kutengeneza majiko ya mkaa kwa mabati ya mapipa. Ndio waliochezesha muziki wa dansi ambao kwao tunajisifu ulimwenguni. Biashara huria ilipofunguliwa katikati ya miaka ya 1980 watoto wao wakaitwa wamachinga, na virungu vikawafuata na jina jipya. Kaka yangu mkubwa, aliyekuwa akiuza mitumba, aliwahi kupoteza robota zima kwa siku moja kwa watu wenye virungu ambao sitawataja. Jioni akala, akalala. Kesho yake akakopa, akaanza tena. Hilo nalo sijaliona katika sinema: siku ya pili. Mshamba anaingizwa mjini, hadithi inakwisha, taa zinawashwa. Kumbe mji unaanza pale pesa zinapokwisha, mtu anapoamka bila kitu na kusema sirudi.

Ni kweli siku hizi tunashika kamera wenyewe. Mwaka 2003 Josiah Kibira alitupa Bongoland, ambamo Mtanzania asiye na karatasi anabangaiza Marekani kule Minnesota, naye sasa ndiye mshamba katika mji wa watu. Filamu za Bongo zimejaa vijana wanaotoka mkoani. Na kabla ya hapo, kwenye vibanda vya video vya uswahilini, akina Lufufu walichukua sinema za Hong Kong na Marekani wakaweka sauti zao juu yake, wakamfanya mpiganaji wa Kichina azungumze kama konda wa daladala. Msomi atasema ni upuuzi. Mimi naona ni Vugiri iliyopinduliwa: sauti juu ya picha, lakini safari hii msemaji ni mtu wa mtaani.

Hata hivyo filamu zetu nyingi bado zinaijua njia moja tu. Binti anatoka kijijini, anakutana na mjini, anaharibika, anarudi au anakufa. Kijana hana kazi, basi ni jambazi. Watengenezaji ni vijana wa Kinondoni na Sinza, waliolelewa na hao hao waliokataa kurudi, na bado wanawahukumu babu zao kwa macho ya bwana shauri. Hapo ndipo ninapoona hatari. Mtu akikusimulia vibaya kwa miaka themanini, mwisho unajisimulia hivyo mwenyewe.

Kwa hiyo rai yangu kwa wenzangu wanaoandika na wanaopiga picha ni ndogo. Wazee waliokaa chini uwanjani wakatazama Muhogo Mchungu wanapungua kila mwaka. Nendeni mkawaulize, wala msiwaulize sinema ilifundisha nini. Waulizeni walimcheka nani, walimtambua nani, na asubuhi yake walikwenda kutafuta kibarua wapi. Majibu hayo yakikusanywa tutakuwa na hadithi ya mhuni kama alivyokuwa kabla hajafungwa pingu: mtu aliyefika mjini, hajaoa, hana chumba, na siku yake bado haijafika.